Kesho Nitakupa Ufunguo

Kwa maneno ya Mama Redio, binti wa fundi kufuli alikuwa amefungwa mnyororo kitandani.

"Mnyororo wa baiskeli," alisema. "Nimeuona kwa macho yangu haya yatakayoliwa na udongo. Amekonda, amekuwa kama sindano anayoshonea. Chakula anapitishiwa dirishani kama kuku. Na karibuni anaozwa kwa mzee mmoja muuza saruji."

Mama Redio hakupewa jina hilo bure. Nyumba yake ilipakana ukuta kwa ukuta na nyumba ya fundi kufuli, na ukimpa punje moja ya habari asubuhi, jioni amekwisha kuvuna gunia.

Aliyekuwa akiambiwa maneno hayo ni mume wa binti huyo. Watu walimwita Brashi. Alikuwa fundi rangi, na brashi haikumtoka mfuko wa nyuma hata siku aliyooa. Alikuwa amesimama dukani na kipande cha sabuni mkononi. Sabuni ikamponyoka.

"Mama, una uhakika?"

"Mwanangu, mimi nilishawahi kusema jambo likawa uongo?"

Mwenye duka akashikwa na kikohozi cha ghafla.

Brashi aliokota sabuni yake akaenda nyumbani. Njiani alipima yale aliyoyajua yeye mwenyewe. Yalikuwa machache. Mke wake alikuwa mtu mzima, fundi cherehani mwenye wateja wake. Walikwenda pamoja kwa msajili wa ndoa, wakatia sahihi mbele ya mashahidi. Baba mkwe hakuja. Alikuwa amesema, "Binti yangu simpi mtu ambaye kazi yake ni kupanda na kushuka."

Wakapanga chumba kimoja. Cherehani ikakaa dirishani, makopo ya rangi yakakaa chini ya kitanda, na maisha yakaenda. Halafu mama mkwe akapiga simu. Baba ana homa kali, anamwita binti yake. Mke akachukua nguo moja ya kubadili. "Nikiona amepata nafuu, narudi," alisema.

Homa ilipoa. Mke hakurudi. Mwanzoni simu yake iliita bila kupokewa, kisha ikawa haiiti kabisa. Wateja walikuja kugonga mlango wakiuliza nguo zao. Gauni moja la arusi lilikuwa limening'inia msumarini, halijatiwa mikono, na kila Brashi alipoingia chumbani aliona kama linamuuliza mwenyewe yuko wapi.

Brashi alikwenda kwa mkwewe, tena kwa heshima, amevaa shati safi. Akajibiwa kupitia tundu la geti: "Amepumzika." Siku nyingine tena: "Amepumzika."

Lakini kilichomkosesha raha zaidi hakikuwa geti. Ni mawazo yake mwenyewe. Labda hakufungwa. Labda amechoka na harufu ya tina ninayochanganyia rangi. Labda anapumzika kweli, na kinachompumzisha roho ni kule kuwa mbali na mimi.

Mtu akishikwa na mawazo kama hayo, hukimbilia kile anachokijua. Brashi alijua ngazi.

Mchana ule ule aliibeba ngazi yake begani, akazunguka nyuma ya nyumba ya fundi kufuli, akaiegemeza ukutani. Akapanda. Akachungulia.

Mke wake alikuwa uani, anaanika mashuka. Hakuwa na mnyororo. Hakuwa amekonda hata kidogo. Alikuwa na vibanio vya nguo mdomoni, kama kawaida yake.

"Pss," alisema Brashi.

Mke aligeuka. Akatoa vibanio mdomoni. "Shuka, utaanguka," alisema kwa sauti ya chini. "Hiyo ngazi ina kidato kimelegea. Si nilikwambia?"

"Nimekuja kukuchukua."

Mke alitazama upande wa mlango wa karakana ya baba yake. Akafungua mdomo aseme neno jingine. Hakuwahi. Chini ya ngazi, upande wa nje, sauti nzito ilisema, "Kijana, huko juu kuna ukuta gani wa kupaka rangi?"

Baba mkwe alikuwa amezunguka kwa nje. Watu wakaanza kutoka. Mmoja akasema mwizi, mwingine akasema si mwizi ni mkwe, Mama Redio akasema vyote viwili. Brashi alishuka na aibu yake mbele za watu wote. Fundi kufuli hakumpiga wala hakumtukana. Alichukua ile ngazi, akaiingiza uani, akaifunga kwenye nguzo kwa mnyororo wa baiskeli na kufuli zito la shaba.

Basi mnyororo ukawa umepatikana, kama Mama Redio alivyosema. Ila aliyefungwa ni ngazi.

Fundi rangi bila ngazi ni sawa na mpishi bila moto. Kesho yake Brashi alikuwa na kazi ya kupaka rangi ofisi ya msaada wa kisheria, vyumba viwili karibu na posta. Alipaka kuta mpaka mkono wake ulipofika. Juu ya hapo zilibaki na rangi ya zamani.

Msaidizi wa kisheria wa ofisi ile alikuwa mwanamke mnene wa maneno matulivu. Walimwita Dada Subiri, maana kila aliyeingia akibubujikwa na maneno aliambiwa kwanza, "Subiri, kaa, kunywa maji." Aliinua macho kutoka kwenye kazi yake akatazama kuta.

"Fundi," alisema, "hii ndiyo staili mpya? Ukuta umevaa kaptura?"

"Ngazi yangu imefungwa, dada."

"Imefungwa na nani?"

"Baba mkwe wangu. Na mke wangu pia amefungwa. Yaani sijui kama amefungwa. Mnyororo umefunga ngazi. Yeye anaanika mashuka."

"Subiri," alisema Dada Subiri. "Kaa. Kunywa maji."

Brashi alikaa kwenye ndoo ya rangi iliyofunikwa, akaeleza yote tangu mwanzo. Mnyororo wa kitandani, chakula cha dirishani, muuza saruji, homa, simu, geti, ngazi. Dada Subiri hakumkatiza. Brashi alipomaliza, Dada Subiri aliuliza swali moja tu.

"Katika hayo, yapi uliyaona kwa macho yako, na yapi uliambiwa?"

Brashi akakuna kichwa. Waliyachambua moja moja kama mchele kwenye ungo. Mnyororo ukatupwa. Muuza saruji akatupwa. Yakabaki haya: mke alikwenda kumwona baba mgonjwa. Alisema atarudi. Simu haipatikani. Geti limefungwa, na mume amezuiwa kusema naye.

"Haya yanatosha kuanzia," alisema Dada Subiri. "Na mkeo ni mtu mzima kabisa? Maana angekuwa mtoto, mambo yangekuwa mengine. Hapo mahakama ingetazama kwanza usalama wa mtoto, na hiyo ndoa yenyewe ingeulizwa."

"Ni mtu mzima. Ananizidi hata akili."

"Anapigwa? Ulimwona na jeraha? Kama unahofia maisha yake, hilo halingoji karatasi. Ni polisi, sasa hivi."

"Hapana, dada. Baba yake anampenda. Hapo ndipo penye tabu."

Dada Subiri akacheka kidogo. "Basi sikiliza. Ipo njia mahakamani kwa ajili ya mtu aliyezuiwa asitoke. Wanasheria wanaiita kwa jina la kizamani, habeas corpus. Usiogope jina. Maana yake ni hii: mlete huyo mtu tumwone. Unapeleka ombi Mahakama Kuu. Unaapa kiapo, unasema unayoyajua. Jaji akiona kuna jambo, anamwamuru anayemshikilia amlete mbele yake, na aeleze anamshikilia kwa haki gani. Maombi haya hayakai foleni na kesi za mashamba. Mtu aliyezuiwa hangojeshwi."

"Lakini hajafungwa, dada. Nilimwona anatembea uani."

"Uani kuna geti?"

"Lipo."

"Ufunguo anao?"

Brashi akakumbuka jambo ambalo mke wake alimwambia zamani kwa kicheko. Kwao ufunguo wa geti ni mmoja, na haukuwahi kutoka kiunoni mwa baba. "Hana," alisema.

"Kumzuia mtu si lazima mnyororo. Ukimnyima ufunguo naye anataka kutoka, umemzuia."

Brashi akasimama kwa furaha, ndoo ikayumba. "Basi twende, dada. Jaji amwamuru arudi kwangu."

"Subiri," alisema Dada Subiri, na safari hii hakucheka. "Hapo ndipo wengi wanapojikwaa. Jaji hatasema mke ni wa nani. Mtu mzima si kochi, kwamba mmoja analiacha na mwingine analibeba. Jaji atamuuliza yeye: unataka kwenda wapi? Akisema nataka kubaki kwa baba yangu, anabaki, nawe unakwenda zako. Ombi hili linafungua geti tu. Atakayetoka, na atakakokwenda, ni shauri lake."

Brashi alikaa tena. Alitazama ukuta wenye kaptura. Lile neno ambalo mke wake hakuwahi kulisema pale ukutani lilimrudia. Lingeweza kuwa "nichukue". Lingeweza pia kuwa "niache".

"Na akisema anabaki?" aliuliza.

"Utaumia. Lakini utakuwa umelisikia kwa mdomo wake, si kwa Mama Redio."

Rangi ilikuwa inakauka kwenye brashi. Brashi aliitia ndani ya maji, akaikung'uta, akaitia tena.

"Haya," alisema mwishowe. "Tuandike. Na uandike pia kwamba nilimwona mzima na hajakonda. Sitaki kumsingizia mzee."

"Hicho ndicho kiapo," alisema Dada Subiri.

Wakili wa ofisi ile alilipeleka ombi mahakamani. Amri ikatoka. Mjumbe wa mahakama akaipeleka kwa fundi kufuli, naye akaisoma amesimama getini, mara mbili, kisha akaikunja vizuri.

Siku ya kuitwa ilipofika, Brashi alikuwa wa kwanza kwenye benchi. Ukuta wa mahakama ulikuwa umevimba kwa unyevu karibu na dirisha. Wakati mwingine angesema unataka kukwanguliwa na kupigwa lipu upya. Leo aliutazama tu bila kuuona.

Waliingia watatu. Fundi kufuli mbele, amevaa koti, funguo zake zikilia kiunoni. Mama mkwe nyuma yake. Na katikati mke, amesuka nywele. Alimtazama Brashi mara moja. Halafu akatazama mfuko wa nyuma wa mumewe, akaiona brashi imechomoza, akainama. Kama alikuwa anacheka au analia, Brashi hakuweza kujua.

Jaji alikuwa mama wa makamo mwenye miwani. Alianza na baba.

"Mzee, binti yako umemfungia?"

"Hapana, mheshimiwa. Mimi ni fundi kufuli. Kwangu kila mlango una kitasa, hata kabati la vikombe. Nyumba ya fundi kufuli ikiachwa wazi, nani ataninunulia kufuli?"

Watu walicheka. Jaji mwenyewe alirekebisha miwani.

"Ufunguo wa geti anao nani?"

"Mimi. Anayetoka huniomba. Mke wangu huniomba. Ndivyo tunavyoishi tangu huyu alipokuwa anatambaa."

Mama mkwe aliinua macho akazitazama zile funguo. Kisha akayashusha.

"Na binti yako aliomba?" jaji aliuliza.

"Aliomba."

"Ukamjibu nini?"

"Nilimwambia, kesho nitakupa."

"Na kesho ilipofika?"

Fundi kufuli alizishika funguo zake zisilie. "Nilimwambia kesho."

"Na simu yake?"

"Nimeiweka kabatini, mheshimiwa. Ilikuwa inaita sana."

"Kabati lina kitasa?"

"Lina kitasa."

Safari hii watu hawakucheka. Mzee alikuwa ameinamisha kichwa. "Sikumtakia ubaya," alisema. "Alipoolewa nyumba ilinyamaza. Nilipougua akaja, akacheka mle ndani, nikasikia nyumba imerudi. Nikasema acha icheke siku moja zaidi. Ndiyo hiyo tu."

Jaji aliandika maneno machache. Halafu akamwita binti waende naye chumba cha pembeni. Baba akanyanyuka awafuate. "Hapana, mzee," jaji alisema. "Bila baba. Na bila mume. Nataka aseme bila jicho la mtu."

Mlango ulifungwa. Brashi na mkwewe wakabaki benchi moja, nafasi ya mtu mmoja katikati yao. Kila mmoja alitazama mlango ule. Fundi kufuli alitazama kitasa chake.

"Kimelegea," alisema kwa sauti ya chini, bila kumwambia mtu.

"Na ukuta umekula unyevu," alisema Brashi.

Ilikuwa mara ya kwanza wamekubaliana jambo.

Mlango ulipofunguliwa, jaji alikaa kitini pake. "Yale uliyoniambia," alimwambia binti, "yaseme hapa kwa uhuru. Unataka kwenda wapi?"

"Dukani, mheshimiwa," alisema. "Kununua uzi mweupe. Kuna bibi arusi wa watu ananilaani huko aliko, gauni lake halina mikono." Akavuta pumzi. "Halafu narudi kwangu. Kwangu ni pale kwenye cherehani yangu, na mume wangu, pamoja na makopo yake."

Brashi alishika ukingo wa benchi.

"Lakini naomba kusema jambo kwa baba," binti aliendelea. Akamgeukia. "Baba, sikukimbii. Kama geti lingekuwa wazi, ningekuja kila Jumapili bila kuitwa na homa. Umenifungia ndani, ukanifanya nitamani kutoka hata mahali ninapopapenda."

Fundi kufuli alitikisa kichwa taratibu. Hakuwa anakataa. Ni kama mtu aliyeonyeshwa kwamba ufunguo alioukata mwenyewe hauingii.

Jaji akatoa uamuzi wake. Binti yuko huru tangu saa hiyo. Asizuiwe na mtu yeyote, na simu yake irudishwe. "Mzee," alisema, "upendo wako nimeuona. Lakini mtu mzima hashikiliwi, hata kwa upendo." Kisha akamgeukia Brashi. "Na wewe, fundi. Ngazi si njia ya kuingilia nyumba za watu. Tena usitoke hapa ukidhani umeshinda mke. Hukushinda kitu. Amechagua. Kesho akitaka kumtembelea baba yake, nawe usiwe geti."

"Nimesikia, mheshimiwa."

Nje, kwenye ngazi za mahakama, Brashi alimuuliza mke wake jambo lililomkosesha usingizi. "Siku ile ukutani, ulifungua mdomo. Ulitaka kusema nini?"

"Nilitaka kusema baba anakuja."

"Basi?"

"Ulitaka nikuimbie?"

Gauni lilipata mikono yake, na bibi arusi akasamehe. Mke akaenda kwao Jumapili, akakuta geti limeachwa wazi kidogo, limezuiwa na jiwe lisijifunge. Akaenda tena Jumapili nyingine, na Brashi pamoja naye, wakapita mlangoni kama watu. Mama Redio alieleza mtaa mzima kwamba yeye ndiye aliyewapatanisha. Hawakumbishia. Katika yote aliyowahi kusema, hilo halikuwa mbali sana na kweli.

Halafu Jumapili moja wazee ndio waliokuja. Fundi kufuli alibeba ngazi ya Brashi begani, amekwisha kukikaza kile kidato kilicholegea. Mkono wa pili ulikuwa na kitasa kipya ndani ya karatasi.

"Mlango wenu huu hata paka anaufungua," alisema. "Mkwe, shika hapa."

Brashi alishika. Lile neno "mkwe" alilisikia vizuri, ila hakusema kitu, lisije likashtuka likarudi lilikotoka. Mzee alipima, akatoboa, akafunga skrubu kwa bisibisi. Alipomaliza akatoa funguo mbili. Mmoja akampa binti yake, mmoja akampa Brashi. Akapapasa mifuko yake yote mbele yao.

"Sikujiachia wa tatu," alisema. "Mnaweza kunipekua."

Binti alicheka, kile kicheko chenyewe. Chumba kizima kikawa nyumba. Mzee akageuka haraka kwenye kitasa, akaanza kukaza skrubu iliyokwisha kukazwa.

Mama mkwe alikuwa amekaa kwenye kiti cha cherehani, na kikombe cha chai mikononi. Alizitazama zile funguo mbili mpya, mmoja kiganjani mwa binti yake na mwingine kwa mkwe wake. Akaweka kikombe chini.

"Mzee wangu," alisema taratibu, "na mimi naomba wangu. Wa geti letu."

Bisibisi ikasimama.